Leseni Yangu Ilipolala Kortini

Wako watu wakitaka kukuonyesha wamesoma, wanatoa picha wamevaa joho. Mimi nikitaka kukuonyesha nimesoma, natoa leseni. Shule niliiacha darasa la sita, na sikufukuzwa. Niliiacha kwa sababu kwari, yale machimbo ya mawe, ilikuwa karibu kuliko shule, na kwari ilikuwa inalipa jioni. Nilichonga mawe kwa mkono upande wa Juja kabla mashine za kukata hazijajaa, nikapakia mawe ya wengine, nikaosha malori ya wengine, na kuendesha nikajifunza kwa kuangalia miguu ya madereva. Siku ya mtihani, afisa aliyekuwa anatupima aliniambia nirudishe lori nyuma kati ya mapipa mawili. Nilirudisha kwa mkono mmoja. Akaniuliza ni nani alinifunza, nikamwambia ni njaa. Huo ndio mtihani pekee niliowahi kupita maishani, na niliupita mara ya kwanza.

Leo nina lori langu, na si la mkopo. Ukipita Kahawa Sukari ukaona nyumba nzuri za mawe, usiulize sana mawe yalitoka wapi. Theta, Kalimoni, mpaka kule ndani ambako barabara ni jina tu, mimi ndiye nimepeleka. Kuna walimu wa chuo kikuu wanalala ndani ya mawe yangu na hawajui hata sura yangu. Sisemi hivi kwa kujisifu. Mtu akisema alichofanya, huo ni ukweli tu, na kama ukweli unafanana na sifa, basi si makosa yangu.

Sasa mtu kama huyo ukimchukulia leseni, umemwacha na nini? Nauliza kwa sababu nilichukuliwa, na pale Thika kwenye vibanda vya chai habari hiyo imesimuliwa na watu ambao hawakuwepo, kila mmoja akitia chumvi yake. Nimeona niiandike mwenyewe.

Nina binti. Mama yake ni mwanamke wa kutoka magharibi, fundi wa kushona sare za shule, ana kibanda chake Ruiru karibu na soko. Hatukuoana. Tulikaa pamoja kwa muda, tukakosana bila kupigana, kila mtu akashika njia yake. Lakini mtoto alipozaliwa, huyo mwanamke alifanya jambo ambalo hata wasichana wetu wengine hawafanyi wakikosana na mwanaume. Alimpa mtoto jina la mama yangu. Kwetu Wakikuyu msichana wa kwanza huitwa kwa nyanya yake wa upande wa baba, lakini hiyo ni pale mwanaume amejionyesha, na mimi mahari sikuwa nimepeleka hata mbuzi. Kwao hawafuati utaratibu huo. Aliuliza majirani, wakamwambia hivyo ndivyo sisi hufanya, akafanya. Mama yangu alilia aliposikia. Alipofariki, jina likabaki kwa huyo mtoto peke yake. Ndiyo maana mimi simwiti kwa jina. Namwita maitu, yaani mama.

Korti ilikuwa imeandika nitoe pesa ya matunzo kila mwezi, na nilikuwa natoa. Halafu nikasikia kuna mwanaume ameingia katika ile nyumba. Mtu wa kwao, bawabu wa usiku katika kiwanda kimoja. Wanaume watanielewa. Unatuma pesa kwa simu, unajiuliza hiyo pesa inanunua unga wa mtoto au nyama ya bawabu. Nikaacha kutuma. Lakini mimi si mtu wa kutupa damu yake, kwa hivyo nilifikiria, na nilichofikiria mpaka leo naona kilikuwa na akili. Mama mtoto alikuwa na kiploti Theta, alikipata kupitia chama cha akina mama. Nikasema, unga unaisha, nyama inaisha, lakini nyumba haiishi. Nitampelekea maitu mawe. Bawabu hawezi kula mawe.

Nilipeleka lori zima, halafu nikaongeza nusu. Mawe ya mashine, yenye kona kali, si yale ya kubahatisha. Sikumpigia mtu simu kwanza, maana zawadi haipigiwi simu. Niliingia ploti, nikamwaga, nikapiga honi ili majirani watoke waone, nikaondoka. Nilikuwa nimepanga simiti baadaye, na fundi baadaye, na mabati baadaye. Kwetu huku mtu akishamwaga mawe kwenye ploti, kila mtu anajua nyumba imeanza.

Kilichofuata ni kuitwa kortini.

Hakimu alikuwa mama mdogo kwa umri, wa miwani, mwenye sauti ya chini hivi kwamba watu waliacha kukohoa ili wamsikie. Aliuliza kama nimelipa. Nikasimama wima, maana nilikuwa na jibu.

"Nimelipa, Mheshimiwa. Nimelipa zaidi ya ile mliandika."

"Umelipa kwa njia gani?"

"Kwa mawe."

Karani aliinua kichwa akaniomba nirudie. Nikarudia kwa sauti, nikaeleza ni mawe ya aina gani na yametoka kwari gani, kwa sababu niliona hawaelewi ubora. Watu nyuma wakaanza kucheka. Wale wanaoenda kanisani walicheka kwanza, na mzee mmoja akamuuliza mwenzake kama huyu jamaa hajawahi kusikia habari ya mtoto aliyeomba mkate akapewa jiwe. Hakimu hakucheka. Aliniuliza kama nikiingia kituo cha mafuta mhudumu hukubali mawe. Nikasema dizeli ni pesa taslimu. Akaniuliza nikimaliza kula hotelini huwa nalipa na nini. Hapo niliona anakoelekea.

Ndipo mama mtoto akaomba kusema. Sikuwa nimemwona karibu kwa muda mrefu. Alikuwa na sindano mbili amezichomeka kwenye kola ya blauzi, nadhani alisahau kuzitoa alipotoka kazini.

"Mheshimiwa," akasema, "hiyo mawe aliimwaga mahali nilikuwa nimepanda maharagwe. Ilikuwa imetoa maua."

Sitaki kusema uongo hapa. Sikuona maharagwe. Mtu akiwa juu ya lori, chini yote ni majani. Lakini karani alikuwa ameshaandika. Ikawa kwamba badala ya kulisha mtoto nilikuwa nimefunika chakula chake.

Hakimu alieleza kwamba mtu akikataa agizo la matunzo anaweza kupelekwa jela ya wenye madeni. Akamuuliza mama mtoto yeye anataka nini. Nilijua atasema jela. Mimi ningekuwa yeye ningesema jela.

"Usimfunge," akasema. "Akifungwa mimi nitapata nini? Na mtoto ataambiwa babake ni mfungwa. Mchukulie leseni."

"Leseni ya biashara?"

"Ya kuendesha. Huyu mtu hana kitu kingine anapenda. Hata marehemu mamake alikuwa anamwambia."

Hakimu akasema yeye hawezi kung'oa leseni ya mtu kama mtu anachuma mboga, lakini kama sisi wawili tumekubaliana, leseni inaweza kuwekwa kortini kama dhamana mpaka deni liishe, na yeye ataandika kwamba ni makubaliano yetu. Akanigeukia. Jela, au makubaliano. Nikatia mkono mfukoni. Leseni ilitoka na joto la kifua changu. Nikamkabidhi karani nikasema, "Hii ndiyo reseni." Mimi nikiwa sawa husema leseni vizuri kama mtu wa Mombasa. Siku hiyo ulimi ulirudi kwetu wenyewe.

Kutoka hapo nikawa abiria katika lori langu.

Nilitafuta dereva. Nilimpata mtu mzima, mpole, mtu wa kwaya, ambaye alikuwa anaendesha kana kwamba tumebeba mayai. Nilikaa upande wa kushoto, mahali nilikuwa sijawahi kukaa tangu ninunue hilo lori, nikagundua kwamba kiti cha upande huo kina spring imetoka na wapakiaji wangu hawakuwahi kuniambia. Mguu wangu wa kulia ulikuwa unakanyaga breki ambayo haipo. Kila tukikaribia tuta nilikuwa nakanyaga mpaka paja linauma. Dereva alikuwa anaimba tu sauti ya nne ya wimbo ambao sauti zingine tatu ziko kanisani.

Kule kwari walinipokea vile unavyofikiri. Madereva wenzangu, watu niliowafunza wengine wao kurudisha nyuma, waliniita Abiria. "Abiria, umelipa nauli?" "Abiria, funga mkanda." Mama wa chai alikuwa ananipa kikombe kwanza halafu dereva wangu, kwa heshima, akaanza kumpa dereva kwanza kwa sababu eti yeye ndiye ana kazi. Nilicheka nao. Mtu aliyejitoa chini hawezi kuuawa na maneno. Lakini nikifika nyumbani nilikuwa nagusa mfuko wa shati bila kujua, na mke wangu, maana nina mke, alikuwa ananiangalia. Mke wangu alijua habari ya maitu tangu siku ya kwanza, na alikuwa ameniambia zamani nitume ile pesa niache siasa. Sikumsikiliza kwa sababu alikuwa anasema huku anakoroga uji, na mtu akisema huku anakoroga uji unaona kama si jambo kubwa.

Mtu atauliza, kwa nini usilipe tu yaishe, si wewe ni tajiri? Atauliza hivyo yule hajui biashara ya mawe. Pesa yangu ilikuwa imelala kwa watu. Kontrakta anakuambia mwisho wa mwezi, na hasemi mwezi gani. Halafu gia boksi ikafa. Halafu sasa kulikuwa na mshahara wa mwanakwaya. Miezi ilikuwa inaenda na leseni imelala tu.

Siku moja mama mtoto akapiga simu. Hakuwa na hasira, alikuwa na haraka, nilisikia cherehani nyuma yake. Akaniambia niende Theta nichukue mawe yangu, niyauze, pesa ipelekwe kortini, leseni nirudishiwe, kila mtu apumzike. Nikamwambia zawadi haichukuliwi. Nikamwambia mawe yale si yake na si yangu, ni nyumba ya maitu, na siku atakuwa mtu mzima atajua ni nani alimfikiria. Nilisema vizuri sana. Hata mimi nilijisikia nikisema vizuri. Nilikuwa na picha katika kichwa changu ya huyo msichana ameketi juu ya yale mawe Jumamosi, anawaambia marafiki wake kwamba babake anamjengea.

"Muulize mwenyewe," akasema, na akampa simu.

Msichana alinisalimia, akaniuliza kama niko poa. Nikamuuliza juu ya mawe.

"Ukiyatoa itakuwa sawa," akasema. "Kuna nyoka."

"Nyoka gani, maitu?"

"Nyoka tu. Nyasi imemea huko ndani. Mimi siendagi hiyo side. Na Januari naingia sekondari. Ni ya bweni. Wanataka sanduku na godoro na vitu vingi."

Nilimwambia nitakuja.

Tulienda asubuhi, mimi na mwanakwaya, na vijana wawili wa kupakia ambao walikuwa wanatufuata kwa pikipiki. Nyasi kweli ilikuwa imepita katikati ya mawe mpaka huwezi kujua ni rundo au ni kilima cha Mungu. Na pale kwenye ploti nikamkuta mwanaume amesimama, amevaa sweta ya kazi na gambuti, macho mekundu ya mtu ambaye hajalala. Nilimjua bila kuambiwa. Alikuwa ametoka zamu ya usiku akaja moja kwa moja. Alikuwa mdogo kwa mwili kuliko nilivyokuwa nimemchukia.

"Habari ya asubuhi, mzee," akasema, akanipa mkono, akashika jiwe la kwanza.

Nikamwambia vijana wa kupakia wako njiani, asijisumbue. Akasema si kitu, ni vile mvua iko karibu na mama anataka kupanda kabla haijanyesha. Kwa hivyo hakuwa ananisaidia mimi, alikuwa anasafishia maharagwe. Basi na mimi nikavua koti. Siwezi kusimama niangalie bawabu akibeba mawe yaliyonipa jina. Na hapa niseme, nikiwa na umri huu, bado nilimshinda. Jiwe la mashine mtu asiyejua hulibeba na mgongo. Mimi hulibeba na paja. Nilimwonyesha, na alishika haraka, halafu tukawa tunaenda sawa, yeye moja mimi moja, mwanakwaya juu anapanga. Vijana walipofika tulikuwa tumekata rundo nusu. Nyoka hatukumpata. Tulipata ngozi yake tu, imevuliwa nzima, nyembamba kama karatasi ya peremende, na bawabu akaining'iniza kwenye ua akasema atamwonyesha mtoto.

Ilikuwa hapo ndipo jirani mmoja, mama wa makamo, alikuja kwenye ua na birika akaita. Huku kwetu mwanaume mwenye mtoto haitwi kwa jina lake, huitwa baba fulani, kwa jina la mtoto. Huyo mama aliita Baba, halafu akataja jina la binti yangu. Jina la mama yangu. "Kuja mchukue chai."

Mdomo wangu ulikuwa umeshaitika. Nilisema "naam" na nikageuka na jiwe mkononi. Na bawabu naye alikuwa amesema "naam" na amegeuka. Tukabaki hivyo, watu wazima wawili, kila mmoja na jiwe lake. Jirani alituangalia, akaangalia birika.

"Ni wewe anaita, mzee," bawabu akasema. Alisema polepole, bila kejeli. Nilitafuta kejeli katika uso wake kwa sababu ingenisaidia, na haikuwepo.

"Ni wewe," nikamwambia. "Mimi hanijui."

Na ilikuwa kweli. Huyo mama hakuwa anajua mimi ni nani. Siku ile nilipiga honi labda alikuwa sokoni. Bawabu akaenda akachukua chai, akarudi na vikombe, changu akanipa kwanza. Tulikunywa tumeketi juu ya mawe yaliyobaki. Aliniambia mtoto anapenda hesabu lakini anachukia kuamka. Aliniambia kwamba akifika kutoka zamu ndiye humwamsha, kwa sababu mamake akimwamsha wanagombana. Mimi nilikuwa najua jina lake na sura yake, na kwamba ananifikia begani. Habari ya kuamka sikuwa nayo. Nilimuuliza kama kiwandani analipwa vizuri. Akacheka, akasema mzee, tumalize mawe.

Mawe niliyapeleka Kalimoni kwa safari mbili, nikamuuzia mtu aliyekuwa anajenga nyumba ya nguruwe. Hakukuwa na mteja mwingine mwenye pesa mkononi, na nilikuwa nimeapa sitakopesha tena. Alipoyaona alishangaa, akasema mawe mazuri hivi kwa nguruwe ni hasara. Nikamwambia nguruwe wako watakuwa na bahati. Hakuna nguruwe katika kaunti hii wanaolala vizuri kama wale, na sitaki mtu anibishie, nimewaona. Nikaongeza na pesa ambayo kontrakta mmoja alitoa baada ya mimi kwenda kukaa kwake sebuleni mpaka wageni wake wakaanza kuuliza mimi ni nani. Deni likaisha.

Kortini karani alitoa leseni kutoka kwa bahasha. Niliiangalia pande zote mbili, kama mtu anaangalia mtoto aliyetoka hospitali. Mama mtoto alikuwa amekuja kuthibitisha. Alipomaliza kuweka sahihi, tukajikuta kwenye korido pamoja, na mimi nilikuwa nangoja aseme neno, lolote, hata la kunikejeli. Nilikuwa nimestahili kidogo.

"Siku ya shule," akasema, "kuja na lori. Sanduku ni kubwa. Mimi siwezi kufunga duka Januari, hiyo ndiyo msimu yangu. Yeye atakuja, ashaomba ruhusa."

Yeye ni bawabu. Nikamwambia hakuna shida. Akaniambia pia kwamba pesa ya mwezi huu ni siku ile ile ya kawaida. Nikamwambia najua. Tangu hapo sijawahi kukosa, na mtu akisema nimekosa aje tuangalie simu.

Mwanakwaya nilimwachia lori siku za katikati ya wiki, na sababu nitaisema haraka: magurudumu hayaliki kama zamani, na dizeli inabaki. Lakini ile siku ya shule niliendesha mwenyewe. Niliosha lori tangu alfajiri, nikaweka godoro nyuma na sanduku la bati juu yake, nikafunga na kamba. Msichana aliketi katikati, sare mpya ambayo mamake alikuwa ameishona, kubwa kidogo ili akue ndani yake. Bawabu aliketi dirishani. Alikuwa ametoka kazini asubuhi hiyo hiyo. Kabla hatujamaliza Ruiru alikuwa amelala, kichwa kwenye kioo.

Sasa nilikuwa nimengoja siku hiyo. Nilikuwa nimepanga maitu aone mkono wangu, aone vile nabadilisha gia mpaka huwezi kusikia, vile najua barabara hii kila shimo kwa jina lake. Tulipotoka kwenye barabara kuu, nikakanyaga mafuta kidogo.

"Polepole," akaniambia. "Utamwamsha."

Nikapunguza. Kila tuta nilipanda kama mtu anayeweka mtoto kitandani. Magari madogo yalitupita, matingatinga karibu yatupite. Msichana alinisimulia shule hiyo ina bwawa la samaki, alinisimulia mwalimu wake wa hesabu wa shule ya msingi ambaye alikuwa anawaita wanafunzi wake maprofesa, na akaniuliza kama ni kweli nilifanya mtihani wa leseni kwa mkono mmoja. Sijui ni nani alimwambia. Nikamwambia ni kweli kabisa. Akasema, "Sasa weka yote miwili." Nikaweka.

Getini kulikuwa na foleni ya wazazi. Mlinzi wa shule alikuja dirishani kwangu na kitabu cha wageni, akachungulia ndani, akatuona wanaume wawili, mmoja anafuta mate ya usingizi.

"Baba ya mtoto ni nani hapa?"

Nilikaza mikono kwenye usukani. Bawabu aliangalia nje, upande wake, kama mtu anayehesabu miti.

"Wote," msichana akasema. "Huyu ndiye anaendesha."

Mlinzi alifikiria. Nadhani kitabu chake kilikuwa na nafasi moja. Halafu akasema basi, gari linaloingia lazima dereva aache leseni hapo getini, mkitoka mtaichukua.

Msichana aliniangalia. Alikuwa anajua habari yote, bila shaka, mamake si mtu wa kuficha. Alijaribu kujizuia, akaweka mkono mdomoni, halafu akacheka, akacheka mpaka bawabu naye akaanza bila kujua anacheka nini. Mimi nilitoa leseni mfukoni nikampa mlinzi. Akasema ataiweka vizuri. Nikamwambia hakuna haraka.

Sanduku lilikuwa zito kweli. Bawabu alishika mkono wa huku, mimi nikashika wa huku, tukasimama kumngoja maitu avute soksi. Halafu akatangulia mbele yetu akituonyesha njia ya bweni, ingawa hata yeye alikuwa hajawahi kufika hapo.